Kutoelewana: maswali mnayotuuliza kuhusu tamthilia yetu ya runinga tuliyorekodi Newala

Tangu tuanze kuonyesha tamthilia hii kwenye kumbi za Mtwara mjini, Masasi na Newala, maswali yamekuwa mengi, na mengi yanafanana. Nimeandika mswada wa Kiswahili na nimesimama nyuma ya kamera siku zote za kurekodi, kwa hiyo nimeombwa na wenzangu niyajibu mahali pamoja. Kama hujaitazama, ujue kwamba majibu haya yanaeleza hadi mwisho wa hadithi.

Hadithi inahusu nini?

Mama mjane na binti yake wana gesti ndogo. Wageni wanaolala peke yao, wenye fedha na wasio na mtu wa kuwaulizia, wanapewa chai yenye dawa ya usingizi, kisha usiku wanaporwa na kutupwa. Mtoto wa kiume wa nyumba ile aliondoka miaka 20 iliyopita. Sasa amerudi, amefanikiwa, ana mke. Anamwacha mke mahali pengine, anaingia gesti kama mgeni, anaandikisha jina la uongo na kukodi chumba, akitaka kwanza awatazame mama na dada yake kabla ya kujitambulisha. Wanamuua usiku huo huo. Asubuhi wanasoma kitambulisho chake.

Ni hadithi yenu au mmeichukua mahali?

Ni mchezo wa jukwaani wa Albert Camus, Mfaransa aliyezaliwa Algeria mwaka 1913. Kwa Kifaransa unaitwa *Le Malentendu*, nasi tumeutafsiri jina hilo moja kwa moja: Kutoelewana. Ulionyeshwa kwa mara ya kwanza Paris mwaka 1944, kwenye ukumbi wa Théâtre des Mathurins, ukiongozwa na Marcel Herrand, na dada akiigizwa na Maria Casarès. Una sehemu tatu, na sisi tumezifanya vipande vitatu vya runinga.

Kuna jambo moja la maisha ya Camus ambalo lilinifanya niuelewe mchezo huu. Mwaka 1942 alikuwa mgonjwa wa kifua kikuu, akaenda kupumzika kwenye milima ya Ufaransa. Mkewe alitangulia kurudi Oran, Algeria. Novemba mwaka huo majeshi ya Marekani na Uingereza yakatua Afrika Kaskazini, Wajerumani wakaikalia Ufaransa yote, njia ikafungwa. Akabaki huko kwenye baridi, mbali na bahari yake, mbali na mke na mama, hajui atawaona lini. Katika hali hiyo ndipo alipoandika habari ya mtu anayerudi nyumbani.

Je, ilitokea kweli?

Magazeti ya Algeria yaliandika habari ya namna hii mwaka 1935, ikisemekana imetokea Yugoslavia. Camus aliitumia mara mbili. Kwanza katika riwaya yake ya mwaka 1942, *L'Étranger*, ambamo mfungwa anaokota kipande cha gazeti chini ya godoro na kukisoma mara nyingi sana. Humo mtoto anauawa kwa nyundo. Kwenye mchezo nyundo haipo tena, kuna kikombe cha chai. Lakini simulizi yenyewe ni ya zamani kuliko hapo: Mwingereza George Lillo aliwahi kuifanya mchezo wa jukwaani mwaka 1736. Ni habari inayosafiri, kila nchi ikidai imetokea kijiji cha jirani. Na sisi tulipoisimulia Tandahimba kwa mara ya kwanza, bibi mmoja alituambia ameisikia tangu utotoni.

Kwa nini Newala? Mikindani kuna majumba ya kale na bahari nzuri kwenye picha.

Kwa sababu ya bahari hiyo hiyo. Katika mchezo, dada anaishi bara, kwenye nchi ya mawingu na baridi, na kinachomfanya aue ni hamu ya kwenda kuishi penye bahari na jua. Ungeiweka gesti Mikindani, dada angefungua dirisha tu akaipata. Hadithi ingekufa.

Sasa mfikirie msichana wa Newala mwezi wa Juni au Julai. Ukungu unapanda kutoka bonde la Ruvuma hadi huoni nyumba ya pili. Upepo unapita juu ya uwanda wa Makonde na watu wanatembea wamejifunika. Maji yamekuwa taabu ya uwanda huu tangu enzi na enzi. Bibi zetu walishuka genge, yaani ukingo mkali wa uwanda, na kupanda tena na mtungi kichwani. Msimu wa korosho haujaanza, gesti tupu, mfukoni hamna kitu. Na bahari ipo, iko mkoa huo huo, lakini hajawahi kuiona. Anasikia tu wasafirishaji wa samaki wakikisimulia kitu ambacho kwake ni kama pepo. Nilipomweleza hivyo mwigizaji wetu wa nafasi ya dada, ambaye amezaliwa Newala na aliiona bahari akiwa na miaka 17, alinyamaza kwanza, kisha akasema hahitaji kufundishwa sehemu hiyo.

Mlirekodi Shimo la Mungu, lile bonde refu la Newala?

Hapana. Wazee walitusihi tusipaguse mahali pale kwa hadithi ya mauaji, nasi tulikubali. Ukingo unaouona kwenye kipande cha pili ni wa mahali pengine, na hatupataji.

Hapo tumepoteza kitu, niseme wazi. Kwenye mchezo wa Camus maiti zinatupwa mtoni, na mama mwenyewe anaenda kujitosa mto ule ule alimotupwa mwanawe. Kutoka Newala mjini hadi Ruvuma ni mbali kwa wanawake wawili wenye mzigo huo. Genge limechukua nafasi ya mto. Maji yangefaa zaidi.

Mama anawezaje kutomtambua mwanawe? Hapo sikuamini.

Hili ndilo swali tunaloulizwa kuliko yote, hasa na akina mama, na wengine wanaliuliza kwa hasira.

Majibu ya kawaida yapo. Kijana aliondoka hana ndevu, amerudi mtu mzima mnene. Miaka 20 ya ukungu na ya kazi ile ya usiku imeyachosha macho ya mama, naye amejizoeza kutowatazama wageni usoni, kwa sababu uso ukishauona utakuja kukusumbua. Hilo Camus ameliandika mwenyewe: mama na binti hawataki kumjua mgeni, maana kumjua ni kuanza kumhurumia.

Lakini wakati wa kutafsiri tuligundua kitu ambacho Kifaransa hakina. Kwa Kifaransa mgeni hawezi kumwita mwenye gesti "mama". Neno hilo likimtoka, siri imetoka nalo. Kwa Kiswahili je? Mgeni yeyote mwenye adabu akiingia atasema, "Shikamoo mama," naye atajibiwa, "Marahaba mwanangu, karibu." Na yule anayeleta ufunguo na ndoo ya maji ataitwa "dada". Katika tamthilia yetu mtoto huyu anamwita mama yake "mama" usiku kucha, na dada yake "dada", na kila mara anasema kweli tupu, na kila mara wanasikia adabu ya mgeni. Mama anamjibu "mwanangu" bila kujua anachokisema.

Tulikuwa tumeshatafsiri zaidi ya nusu tulipoliona hili. Tukarudi mwanzo na kuandika upya sehemu yote ya kwanza. Hatukuongeza neno, tulipunguza: tukaondoa kila "bwana" na "bibi" ya kitabuni, tukaacha maneno ya kila siku ya gesti yoyote ya mkoa huu. Kuna watazamaji wanaolia kwenye salamu ile ya mlangoni. Wanalia wakiitazama mara ya pili.

Kwa nini basi hakusema jina lake? Angesema tu!

Ndiyo. Camus mwenyewe aliandika baadaye, katika utangulizi wa toleo la Marekani la michezo yake, kwamba mambo yote yangekuwa tofauti kama mtoto angesema: ni mimi, jina langu ni hili. Na mke wake anamwambia hivyo hivyo tangu mwanzo. Anamsihi. Anamwambia kwamba katika hali kama hii mtu huja na kusema "nimerudi", basi, mengine hufuata yenyewe.

Kwetu jambo hili lina utaratibu wake unaojulikana hata na watoto. Unabisha hodi. Ndani wanauliza, "Nani?" Unajibu, "Mimi." Wanauliza tena, "Mimi nani?" Hapo ndipo unapotaja jina, na mlango unafunguliwa. Mgeni wetu anakwama kwenye lile jibu la kwanza. Anajibu "mimi" na anangoja watu wa ndani wamalizie.

Nadhani namfahamu. Alitaka apewe kitu ambacho hakiombwi. Ukitaja jina, utapokewa kwa sababu umelitaja. Yeye alitaka mama ainue kichwa na kumjua bila kuambiwa, kama ambavyo angemjua alipokuwa mtoto akirudi kuchunga. Alitaka kusamehewa kutoandika barua kabla hajaomba msamaha. Na pia alikuja na fedha, akaona vizuri fedha itangulie, furaha ifuate. Yule mfungwa wa *L'Étranger* anamhukumu kwa ukali: anasema msafiri yule alijitakia kidogo, kwamba haifai kucheza na mambo kama hayo. Mimi siko mkali hivyo. Babu yangu mzaa mama alikuwa na mdogo wake aliyekwenda mkongeni Tanga akiwa kijana, na miaka mingi baadaye mtu wa makamo alionekana siku mbili kijijini kwetu, akaangalia kaburi la mama wa babu, akanunua soda pale dukani, akaondoka. Hakuna aliyemwuliza jina. Familia yetu bado inabishana kama alikuwa yeye.

Siku hizi kuna simu. Hata ujumbe mmoja?

Tumeiweka hadithi mwaka 2017, na kijana aliondoka 1997, kabla simu ya mkononi haijafika kwao. Hakuwa na namba ya kupiga. Baadaye angeweza kuitafuta, na mke anamwambia hivyo kwenye kipande cha kwanza. Jibu lake ni kimya, nasi tumekiacha kimya hicho sekunde nyingi.

Kwa nini mgeni katokea Kwale, Kenya?

Kwa sababu Wamakonde wako Kwale. Walikwenda kufanya kazi kwenye mashamba ya mkonge na miwa tangu enzi za ukoloni, wengi wao kutoka Msumbiji, wakakaa vizazi bila uraia wala vitambulisho. Oktoba 2016 walitembea kwa miguu kutoka Kwale kwenda Nairobi kudai haki hiyo, Rais Uhuru Kenyatta akaagiza wapewe, na wakatambuliwa kuwa kabila la 43 la Kenya.

Tulipoikumbuka habari hiyo, tulipata sababu ya miaka 20. Kijana wetu alimfuata mjomba wake huko, akaoa huko, na hakuwa na karatasi ya kuvukia mpaka. Kitambulisho kilipotoka, safari yake ya kwanza ikawa nyumbani. Kadi ile anayokuja nayo ni mpya, bado inang'aa. Ndiyo itakayosomwa asubuhi.

Wazee wa mkoa huu watakumbuka pia neno *manamba*, yaani wale waliochukuliwa kwenda mkongeni Tanga wakahesabiwa kwa namba. Mtu aliondoka na jina la jandoni, akawa namba. Katika mazoezi tulilizungumza sana neno hilo, ingawa kwenye tamthilia linatajwa mara moja tu, na mzee, mtumishi wa gesti.

Ile sehemu ya kitabu cha wageni mmeibuni ninyi?

Imo katika mchezo. Dada anamwuliza mgeni maswali ya kuandikisha: jina, umri, kazi, alikotoka, anakokwenda. Tulichokifanya ni kuweka kitabu halisi cha gesti ya Kitanzania, kile kikubwa chenye mistari, chenye safu ya kabila. Mgeni anataja jina la uongo bila shida. Akifika kwenye kabila, anakwama. Anatazama mkono wa dada ulioshika kalamu. Anasema kweli: Mmakonde. Dada anaandika bila kuinua macho, maana nusu ya wageni wake ni Wamakonde.

Kisha anatoa kitambulisho. Dada anakipokea, anakishika mkononi, na mzee anatokea mlangoni. Dada anageuka kumjibu, halafu anakirudisha bila kukisoma. Hayo pia ni ya Camus. Jukwaani mtazamaji wa kiti cha nyuma huona mkono tu. Kamera imetuwezesha kukaa juu ya kadi ile, kidole gumba cha dada kikiwa kimefunika jina. Tulirudia mara 14.

Mbona hakuna mtu mwenye jina katika tamthilia?

Wapo kama Mama, Dada, Mgeni, Mke na Mzee. Jina la mgeni linasikika mara moja, mwishoni, mke anapofika mlangoni kumwulizia. Sitaliandika hapa.

Nimeambiwa huu ni mchezo wa "udhanaishi". Ndiyo nini?

Ni falsafa inayoanza na mtu mwenyewe: yuko duniani, hakuna aliyemwandikia maana ya maisha yake, anachagua na anawajibika kwa alichokichagua. Waliosoma fasihi ya Kiswahili wamelikuta neno hili wakisoma Euphrase Kezilahabi, hasa *Kichwamaji* ya mwaka 1974. Camus mwenyewe alikataa kuitwa mdhanaishi, alisema hivyo waziwazi mwaka 1945. Yeye alizungumza zaidi juu ya upuuzi wa ulimwengu, kwamba mtu huita na ulimwengu haujibu. Wahakiki wanaendelea kumweka kundi hilo, na ukiitazama tamthilia utaona kwa nini: kila mmoja katika nyumba ile angeweza kuchagua vingine, hadi dakika ya chai.

Mama alikaribia sana. Anaingia chumbani kuichukua chai ile, akisema imeletwa kwa makosa. Mgeni ameshainywa.

Yule mzee ni nani, na kwa nini anasema "Hapana"?

Ni mtumishi wa gesti. Anapita, anafagia, anatazama, hasemi. Mwishoni kabisa, mke amebaki peke yake. Anamlilia Mungu amhurumie. Mzee anafungua mlango na kuuliza kama ameitwa. Mke anamwomba msaada. Anajibu neno moja, na mchezo umekwisha.

Kwa Kifaransa ni *Non*, silabi moja kama mlango unaofungwa. Tulilijaribu "La", likasikika kama mtu wa Kiunguja aliyepotea njia. Tulijaribu kutikisa kichwa tu, ikawa ni mzee asiyesikia. "Hapana" ina silabi tatu, na tuliogopa italainika. Mwigizaji wetu, mzee wa miaka 71 aliyefanya kazi bandarini, ndiye aliyeitatua: aliisema polepole, kwa sauti ile ile ambayo mtu humjibia mteja kwamba sukari imekwisha. Hakukunja uso. Tulirekodi mara moja.

Kuna watu wanasema yule ni Mungu asiyejibu. Wengine wanasema ni mzee aliyechoka tu. Shekhe mmoja aliyeitazama Masasi alituambia kwamba mja hana haki ya kuomba kwa mja kile anachopaswa kukiomba kwa Mola, kwa hiyo jibu la mzee ni sahihi. Sijasikia tafsiri nyingine iliyonifikirisha hivyo.

Je, hamuwadhalilishi wanawake wa kusini?

Tuliliogopa hili kuliko yote. Umakondeni ukoo ulihesabiwa kwa upande wa mama. Dada wa mtu ndiye mlango wa ukoo wake, na watoto wa dada ndio warithi. Kumweka mama na dada kuwa wauaji ni kulipiga shina lenyewe. Ndiyo maana nilitaka ifanywe hapa. Mahali ambapo mama na dada ni watu wa kawaida tu nyumbani, ni habari ya uhalifu. Kwetu ni msiba wa ukoo mzima, kwani mwanamume huyu alirudi kwa watu wawili ambao bila wao hana kwao.

Tena dada hakuumbwa mwovu. Yeye ndiye aliyebaki. Kaka alikwenda kuona dunia, naye akabaki kuchota maji na kumtunza mama. Mama anapojua, anachagua kumfuata mwanawe aliyekufa na kumwacha binti aliyeishi naye miaka yote, na kilio cha dada pale ndicho kinachonikaa moyoni hadi leo. Nawajua wanawake wengi waliobaki.

Watoto waitazame?

Tunaomba chini ya miaka 16 wasiitazame. Mama na dada wote wanajiua, ingawa hatuonyeshi tendo lenyewe. Kama umefiwa kwa namna hiyo karibuni, ahirisha, au njoo na mtu wako.

Mna ruhusa ya kuutumia mchezo?

Camus alifariki kwa ajali ya gari tarehe 4 Januari 1960, na kwa sheria ya Ufaransa kazi zake zinalindwa miaka 70 baada ya kifo. Tuliomba ruhusa kwa wenye haki kwa barua, na tulisubiri muda mrefu kuliko tuliotumia kurekodi. Wanaotaka kufanya kazi kama hii waanze na barua.

Kwa nini kuna daftari mlangoni kila mnapoonyesha?

Lilianza Newala, usiku wa kwanza. Kitabu cha wageni tulichokitumia kurekodi kilikuwa mezani karibu na mlango, kama pambo. Watu walipotoka, mama mmoja alikifungua, akapita kurasa zetu za uongo, akaandika jina la kaka yake aliyekwenda Pemba ya Msumbiji na hajasikika tena. Nyuma yake wakapanga foleni.

Sasa tunakwenda nalo kila mahali, na tunalisoma kwa sauti mwanzoni mwa onyesho linalofuata, kwa sababu huenda mtu akalifahamu jina. Hadi sasa mtu mmoja amepatikana, yuko Kilwa, mzima. Tumebadilisha safu za kitabu. Kabila tumeliondoa. Yamebaki jina la nyumbani, jina la jandoni kama lipo, mwaka aliotoka, alikoelekea, na nani anamngoja.